Shahidi wa Sarufi

Kwa mara nyingine Ndugu Tarsis aliinua kalamu kumnyamazisha mzee aliyekaa kizingitini. Mzee Shomari alikuwa akichokonoa jiko la mafuta ya taa lililoziba, na kila Bibi Zamda alipojibu swali, naye alitia lake, upesi upesi, nusu ya maneno akiyameza.

"Basi, mzee wangu," Tarsis alisema. "Wewe nitakusikiliza baadaye."

"Haya, sisi tunaenda zetu," mzee alijibu, asiondoke.

Bibi Zamda, aliyeketi mkekani mgongo umenyooka kana kwamba anapigwa picha, alifumba macho kidogo.

"Tunakwenda," alisema.

Tarsis aliyaandika yote mawili: la bibi katika ukurasa wa lugha fasaha, la mzee katika ukurasa wa makosa, chini ya kichwa cha habari kilichokuwa kikimpendeza kila alipokisoma: Kiswahili cha Wahamiaji.

Ndugu Tarsis, mkufunzi wa lugha na mzaliwa wa Songea, alikuwa na haja kubwa ya mtu wa pwani. Jopo la vitabu lilikuwa na karatasi za kutosha kuchapa kitabu kimoja tu cha sarufi kwa shule zote, na mpinzani wake alikwisha kulinong'oneza kwamba kanuni za Tarsis zilitungwa mezani, wala hazijapata kutoka katika kinywa cha binadamu. Toleo la kwanza la sarufi ya Tarsis lilikuwa limeishia kwenye meza za vitabu vikuukuu huko Msimbazi. La pili likikataliwa, kazi ya nusu ya umri wake ingefungiwa karanga.

Mwenyekiti wa jopo, Ndugu Hyasinta, alikuwa mwadilifu. Alitaka shahidi: mzawa wa pwani, asikilizwe nyumbani kwake, asipangiwe la kusema.

Kumpata hakukuwa rahisi. Miaka hiyo ya Ujamaa kumuuliza mtu kabila lake lilikuwa jambo la aibu, jirani na kumuuliza kama amewahi kuiba. Wananchi walikuwa ndugu, na ndugu haulizwi alikotoka. Tarsis, muumini wa siasa na mtu wa adabu, aliamua kutumia kipimo cha kitaalamu, yaani sikio lake. Aliwasikiliza wauza samaki, akawasikiliza washona nguo, akawasikiliza wazee waliotoka msikitini. Wote walisema vibaya. Maana yake, hawakusema kama yeye. Alikuwa amekaribia kukata tamaa ya pwani nzima alipopita mbele ya nyumba hii ya vyumba sita, Mtaa wa Swahili, akamsikia mama mmoja akimkemea kuku.

"Ewe kuku, ondoka katika mchele wangu."

Tarsis alisimama pale pale. Akajitaja jina, akaeleza kwamba ni mwalimu na kwamba angependa kumuuliza maswali ya lugha. Bibi Zamda hakushangaa hata kidogo. Aliingia ndani, akabadili kanga, akarudi na kusema kwamba yuko tayari.

Tangu hapo Tarsis alikuja kila alasiri. Bibi alijibu polepole, macho yakielekea juu, kama mtu asomaye maandishi angani. Katika upole huo Tarsis aliona utulivu wa mtu aliyerithi lugha yake na asiye na haja ya kuikimbiza. Katika haraka ya Mzee Shomari aliona pupa ya mtu wa kuja: kuli mpangaji, bila shaka, aliyeletwa na gari moshi, kwani hata kofia yake ilikuwa ya reli. Lililomfurahisha zaidi ni kwamba kanuni zake zote zilithibitika, zikiwamo zile ambazo yeye mwenyewe alizitilia shaka siku alipoziandika.

Hatimaye Ndugu Hyasinta alikuja. Aliamkia, akaitikiwa, akaketi kwenye kigoda. Mzee Shomari, bila kuombwa, alikaa kimya. Aliweka jiko chini na kumtazama Bibi Zamda kwa wasiwasi kama wa baba.

"Mama, umekaa Kariakoo siku nyingi?" Hyasinta aliuliza. Karibu zaidi ya hapo adabu haikumruhusu.

"Ndiyo, nimekaa Kariakoo siku nyingi."

Hyasinta alimuuliza habari za soko, za mapishi, za mazishi. Kila jibu lilitoka limekamilika, na Tarsis, aliyekuwa akilifuata katika muswada wake, hakupata pa kutia kalamu. Hata jirani mmoja aliyepita na ndoo ya maji alisimama kusikiliza.

"Ndugu Tarsis," Hyasinta alisema mwishowe, "karatasi ni zako. Kesho nitawaambia wenzangu kwamba mpinzani wako alikusingizia."

Tarsis aliinamisha kichwa kwa unyenyekevu aliokuwa ameuandaa tangu asubuhi. Hyasinta alifunga mkoba wake. Bibi Zamda, kuona hivyo, alisimama, akaweka mikono nyuma ya mgongo kama mwanafunzi.

"Ndugu Mtahini," alisema, "ikiwa nimefaulu, ninaomba cheti changu. Kwetu Tunduru tulisema Kiyao tu, nami nimekikariri kitabu cha sarufi cha Mwalimu Tarsis mwanzo hadi mwisho, kile alichoninunulia Msimbazi mwenye nyumba wangu, Mzee Shomari, ambaye husema kwamba yeye na babu zake, kwa kuwa walizaliwa papa hapa, hawakupata kukihitaji."