Mkumbushaji wa Sinema Bubu

Kila asubuhi Mzee Ottorino Ghibaudo alipanda tramu, akavuka mto Dora, akaenda kunong'ona maneno ambayo hakuna mtu duniani angeyasikia.

Alikuwa mkumbushaji. Miaka thelathini alikaa kwenye shimo mbele ya jukwaa, kichwa usawa wa viatu vya waigizaji, akiwanong'oneza mistari yao kabla hawajaisahau. Lakini hayo yalikuwa maigizo, watu wamelipa wasikie. Sasa Torino nzima ilikuwa imehamia kwenye sinema, na sinema ni bubu. Usome shairi, utaje bei ya vitunguu, kwenye kitambaa cheupe ni mamoja. Mkumbushaji wa nini tena?

"Wa Bi Leonilda," angekujibu Celestina wa mavazi, sindano mdomoni. "Mastaa wengine hutembea na mbwa. Wetu hutembea na Ottorino."

Wapo waliosema ni mapenzi ya zamani. Mapenzi gani, na magoti yale? Ukweli ulikuwa mchungu zaidi, na studio nzima iliujua: kichwa cha Leonilda Savarino kilikuwa kinavuja. Mwanamke aliyewahi kubeba michezo arobaini kichwani sasa alianza vizuri mbele ya kamera, halafu katikati ya hotuba akaganda, macho yakimtafuta mzee. Na kubwabwaja ovyo kama wenzake alikataa katakata. Mdomo ukidanganya, alisema, macho nayo yatadanganya, na kamera haina inachokiona ila macho. Basi Ottorino akawekewa sanduku la mvinyo chini ya kamera akalie, chini ya paa la vioo, kwenye jua la Julai.

Siku aliyoijua siri hiyo aliikumbuka vizuri. Miaka miwili nyuma kundi la maigizo alimokuwa yeye na Bi Leonilda lilivunjika, na wiki hiyohiyo akamzika mkewe. Akalala siku kumi na saba ameelekea ukutani. Supu za majirani ziliganda mlangoni. Ndipo Bi Leonilda alipopanda ngazi za ghorofa nne na skafu yake ya manyoya shingoni, akakaa kwenye kiti pekee kilichokuwepo, akamwambia kwamba watu wa sinema wamemwita, naye anaogopa.

"Nasahau, Ottorino. Nimewaficha wote. Bila wewe nitaaibika mbele ya vitoto vile."

Akaamka. Wewe ungefanyaje? Akanyoa ndevu, akala, akamfuata.

Sasa alikuwa amechoka. Si msiba tena. Msiba ulishakuwa kitu cha kubeba, kama mwavuli. Yalichoka magoti, ulichoka mgongo, yalichoka macho kwa mwanga wa vile vioo. Dada yake Delfina, kule Chieri, alikuwa na chumba kitupu, matuta manne ya maharage na mdomo usiojua likizo, na kila Jumapili alimuuliza anangoja nini. Ottorino alikitamani chumba kile hata akakiota.

Lakini aende, amwache nani? Bi Leonilda naye alikuwa hoi. Wakati wa chakula waigizaji vijana waliigiza kuganda kwake, mkono kwenye paji la uso, wakaanguka kwa kicheko, naye akaendelea kuvunja mkate wake kana kwamba hawaoni. Wiki hiyo walikuwa kwenye tukio la mama anayewaaga wanawe mahakamani, kurasa nne za maneno, na siku tatu mfululizo aliganda mahali palepale. Bwana Peyron, mwongozaji, akasema wazi mbele ya watu: akiganda mara moja tena, nafasi hiyo anapewa msichana wa Milano.

Hata hivyo, Jumatatu hiyo Ottorino alikuwa ameamua. Wamalize tukio hili, kisha amwambie. Njia nzima aliyarudia maneno yake: Bi Leonilda, nisamehe, nimezeeka.

Tramu ikakwama darajani. Farasi wa mkokoteni wa makaa alikuwa ameanguka juu ya reli, na kila abiria alikuwa na ushauri wake wa namna ya kumwinua. Mzee alipofika studio, anahema, saa nzima ilikuwa imepita. Celestina alimfungulia mlango kidogo tu. Wameanza, alimwambia, Bwana Peyron amekataa kumngoja.

Ottorino akanyata hadi nyuma ya ukuta wa turubai uliopakwa rangi ya mahakama, pasipo na nafasi ya kupita, akachungulia kwenye mwanya.

Kutoka hapo aliisikia sauti ya Bi Leonilda, ile nzima, iliyokuwa ikifika hadi viti vya juu kabisa vya maskini. Ilikuwa inakaribia mahali pale pa kuganda. Akanong'ona neno. Neno lilipotoka, Bi Leonilda alishalipita. Akanong'ona linalofuata, nalo alikuwa ameshaliacha nyuma. Ukurasa wa pili ukaisha, wa tatu ukaingia, hakuna silabi iliyodondoka, na mzee alikuwa anamkimbilia kwa nyuma kama mtu aliyeachwa na tramu. Vijana waliacha kujikuna. Bwana Peyron alikuwa ameushusha mkono aliouweka tayari kusimamisha kamera.

Ulibaki mstari mmoja. Bi Leonilda akageuza kichwa ili autamke, na kwenye mwanya wa turubai akauona uso wa Ottorino, umelowa jasho.

Akakata neno katikati. Mkono ukapanda hadi kwenye paji la uso, polepole, na macho yakapotea.

"Ottorino," akasema mbele ya watu wote, kamera ingali inazunguka, "nimesahau tena."