Alama ya Mwanakombo

Kila mtu aliruhusiwa kuchora alama ya kurudisha wakati mara moja tu maishani, na mchoraji pekee ndiye aliyekumbuka kilichofutika. Mwanakombo aliichora kwa mkaa ukutani, mwanawe Shali akipiga mayowe, uji wa moto umemmwagikia kifuani.

Mara sufuria ikawa juu ya jiko tena, Shali anacheza. Akaiepua upesi, akamkumbatia mtoto huku akilia kwa furaha.

"Mama, unanibana!"

Mumewe, Shekue, aliingia akaiona alama, maana yenyewe haikufutika. Alimnawisha vidole vyenye masizi.

"Alhamdulillahi, mume wangu, mtoto mzima."

"Naijua raha hiyo, Mama Shali. Yangu niliichora siku uliyojifungua."

Mwanakombo akamkazia macho. Yeye alikumbuka uzazi mwepesi tu.