Mpira wa Katikati

Kila mkewe alipopata pointi, Fundi alipiga makofi kama watu wengine, kisha akamwomba Mungu msamaha. Maana alichokuwa anaomba tangu mechi ianze ni mkewe ashindwe.

Mzee mnene mwenye mwavuli, jirani yake kwenye benchi la nyuma, alimgusa bega.

"Yule mrefu ni wako?"

"Ni wangu."

"Hongera, bwana. Na yule mfupi anayecheza naye! Wanaelewana kama mapacha."

Fundi alishusha kofia yake kidogo. Yule mfupi naye alikuwa wake.

Alikuwa fundi wa lifti, na kwa mwanamume mwenye nyumba mbili kazi hiyo ni neema. Lifti hukwama saa yoyote, na hakuna mke mwenye roho ngumu kiasi cha kusema aliyenasa ndani angoje mpaka asubuhi. Kwa miaka mingi lifti za mji ule zilikwama kwa zamu: leo kwa faida ya mrefu, ambaye alikuwa mwalimu, kesho kwa faida ya mfupi, ambaye alikuwa mshonaji. Mwalimu hakujua kama kuna Mshonaji, wala Mshonaji hakujua kama kuna Mwalimu.

Tatizo lilikuwa upweke, kwa sababu mke mpweke huuliza maswali. Fundi akaona awatafutie mchezo wa kupoteza muda, kila mmoja kwenye klabu yake, pande mbili tofauti za mji. Angeweza kumpa mmoja tenisi na mwingine kuogelea, lakini duka lilikuwa linauza raketi mbili kwa bei ya moja.

Njia ya mwongo ni fupi. Klabu ya Mshonaji ilifungwa ili ukarabati ufanyike, wachezaji wake wakahamishiwa klabu ya Mwalimu, na kocha, ambaye hakuwa na habari yoyote, akaona huyu ni mkali karibu na wavu na yule ni mkali nyuma. Akawapanga pamoja. Wakaanza kushinda.

"Mwenzangu hodari kweli," Mwalimu alimwambia Fundi mezani, "ila mumewe, maskini ya Mungu, haonekani nyumbani. Mimi afadhali."

Kwenye nyumba ya pili Mshonaji alisema maneno hayohayo, akamwongezea mchuzi.

Kilichomnyima usingizi ni desturi ya klabu. Washindi wa fainali hutangazwa kwa kipaza sauti, na waume zao huitwa uwanjani wakashike kikombe pamoja nao na kupiga picha. Walioshindwa hunywa soda na kwenda zao. Basi wake zake wanywe soda, na nyumba zake zote mbili zibaki zimesimama.

Hakukaa na kukunja mikono. Aliwahi kucheza kidogo ujanani, akajua kwamba kwenye tenisi ya wawili wawili mpira unaopita katikati ndio unaoua.

"Mpira wa katikati mwachie mwenzio," alimwambia Mwalimu. "Ndiyo adabu ya mchezo."

Kesho yake akamwambia Mshonaji vilevile. Wote wawili waliitikia, tena kwa shukrani. Wote wawili walimtaka aje fainali, na safari hii hakupata lifti ya kumwokoa.

"Leo waliokwama wapande ngazi," Mwalimu alisema, na cheko lake halikuwa na mzaha sana.

Ndiyo maana Fundi alijibanza benchi la nyuma na kofia yake machoni. Walipoingia uwanjani, wanawake wale waliinua mikono kuelekea upande wake. Naye alipunga mkono mara moja tu, ukatosha nyumba mbili.

Wapinzani walikuwa dada wawili wenye duka la dawa, mabingwa wa kila mwaka. Seti ya kwanza waliiona nafasi ya katikati imeachwa wazi, wakaitumia. Mwalimu alisimama, Mshonaji alisimama, mpira ukapita. Fundi alishusha pumzi. Ushauri wake ulikuwa unafanya kazi.

Seti ya pili nafasi ilikuwa palepale. Dada wakapiga palepale. Lakini sasa kila mpira ulipofika, mmoja wa wale wawili alikuwa ameshatangulia, na ulirudi miguuni mwa dada kabla hawajainua raketi. Hapakuwa na kuitana wala kutazamana. Dada hawakukoma kupiga katikati, kwa kuwa katikati ndiko walikokula mwanzo, na kila mara walikula za uso.

"Wanawaachia wazi makusudi!" mzee wa mwavuli alifurahi. "Sijui nani kawafundisha."

"Sijui," Fundi alisema.

Na lililomuuma zaidi ni kwamba aliona fahari. Aliwapenda wote wawili, kwa haki aliyoiweza, na hakuwahi kuwaona wazuri kama siku ile, jasho likiwatiririka na macho yakiwaka. Wakaichukua seti ya pili. Ya tatu ilipobaki pointi moja, alivuta kofia yake chini zaidi na kuteremka kwa nyuma ya mabenchi.

Akiwa njiani kuelekea getini alisikia watu wote wakilipuka kwa shangwe, kisha kipaza sauti kikakohoa.

Mlinzi alikuwa ameweka kiti chake katikati ya geti lililofungwa.

"Nifungulie, ndugu yangu," Fundi alisema, akijishika kiunoni. "Tumbo linanikata, nitaanguka hapa."

"Pole sana, mzee," mlinzi alijibu bila kuinuka. "Ila wake zako waliniambia tangu asubuhi kwamba tumbo litakuuma."