Shina Lililobaki

Jumatatu ya mwisho ya Septemba, trekta la ofisi ya mifugo liliingia malishoni likang'oa nyasi zote za asili, ati zimekufa. Kumbe zilikauka juu tu, kama kila kiangazi. Mizizi ilikuwa hai. Mbegu za kigeni zilizopandwa badala yake ziliota vizuri, mvua ikakatika kidogo, zikafa zote. Ng'ombe wa Mzee Madeje wakabaki mbavu tupu.

Leo bwana mifugo alikuja kwake na jembe begani.

"Shikamoo, mzee. Tumezunguka kote. Limebaki shina moja tu la nyasi zile, la hapa kwako. Tukiligawa, tutapanda upya."

"Marahaba. Mlipong'oa mliniuliza?"

"Amri ilitoka juu, mzee wangu."

"Huko juu kunaota nyasi?"

Bwana mifugo akashusha jembe. Zizini ng'ombe walikuwa wanalia njaa. Madeje akampeleka nyuma ya nyumba, akavuta kando ua wa miiba. Shina lilikuwa limestawi, limetanda juu ya kaburi la mkewe, Sechelela, masuke yakicheza na upepo.

"Haya, chimba," alisema. "Ila niambie kwanza, unaanzia kichwani kwake au miguuni?"