Sahani ya Nne

Majaji walikuwa watatu, lakini mpishi alikuwa amepakua sahani nne. Ni mazoea: marehemu mama yake, aliyelifuatilia shindano hili kwenye runinga tangu enzi za jiko moja na kamera moja, hakukubali kamwe kupakuliwa mwisho.

"Dada, na hii ya nani?" mtangazaji aliuliza, ukumbi mzima ukaangua kicheko.

"Nimepitiwa tu, kaka," alijibu, jasho likimtoka.

Zilibaki sekunde kumi. Alipoinama kuiondoa ile sahani, aliona mchuzi wake umeshachotwa, na kijiko kimelazwa kifudifudi ukingoni. Nyumbani, mama alikilaza hivyo chakula kikipungua chumvi.

Akazitazama zile tatu za majaji.

"Haya, mama," alinong'ona, akanyoosha mkono kwenye kopo la chumvi.