Shikamoo Isiyochelewa

Tangu tuamriwe kuvaa visikizi hata nyumbani, sauti ya mtu haifiki sikioni bila kupitia kompyuta. Vyangu, vya waya wa USB, viliendeshwa na programu ya kizamani. Vilikwaruza, na mwanangu Hemedi akinisalimu, alifunga mdomo kwanza ndipo nisikie, "Shikamoo, mama." Nikalalamika mpaka akaniwekea programu mpya.

Raha iliyoje! Sauti safi, haichelewi hata chembe. Kila asubuhi shikamoo, umelalaje, pole na mguu. Nikawatambia majirani kwamba mwanangu amepata adabu.

Leo nilimtazama akinywa uji. Kikombe kiko mdomoni, nami nikasikia: "Shikamoo, mama."

Nikavua visikizi, nikaviweka mezani. "Hemedi, umenisalimu?"

"Programu haisubiri mtu aseme, mama," akajibu kwa sauti kavu. "Inabashiri. Ndiyo maana haichelewi."

"Na wewe huwa unasema?"

"Niseme ya nini, na ushasikia?"

Akamaliza uji, akachukua mkoba, akatoka kimya. Visikizi vikanong'ona pale mezani kwa sauti yake: "Nakwenda, mama. Niombee dua."

Hemedi hajaniomba dua tangu azaliwe.