Mzimu Sebuleni kwa Bi Shemsa

Katika filamu moja ya kutisha, Bi Shemsa, mwimbaji aliyewahi kuvuma, aliigiza nafsi yake: jina lake, sebule yake, hata simu yake.

"Mzimu ukiingia, mama, mpigie mtu yeyote umwombe msaada," mwongozaji alimwambia. "Asipopokea ndiyo tamu zaidi."

Mapazia yakafungwa kuzuia jua, kamera ikawashwa, mzimu ukaingia. Alimpigia bintiye, ambaye walikuwa wamenuniana kwa miaka sita. Huyo hatapokea, aliwaza.

"Mama?" sauti ya binti ikaita simuni.

Bi Shemsa akasahau kupiga yowe.

"Mama, unalia? Nije?"

"Yowe, mama, yowe!" mwongozaji alinong'ona.

Kamera iliendelea kurekodi. Yule jamaa aliyepakwa unga kuwa mzimu akamfikia, akasimama nyuma yake, asijue pa kuiweka mikono yake.